Shingo ya Fulana Nyeusi

Juzi nilikuwa kwenye benchi nje ya ofisi ya naibu wa chifu, huku Rangwe, nimechoka kungoja. Kando yangu walikaa dada wawili. Mdogo alivaa fulana mpya nyeusi, isiyo na maandishi, lakini shingo ilikuwa pana mno. Kila akiinama ilimteleza begani, na mkubwa wake akairudisha bila kumtazama.

"Uliikunja ukakata mbele na nyuma pamoja," mkubwa alisema.

"Ilikuwa inanikaba. Si tulinunuliwa zote saizi moja?"

"Nyuma hakukatwi hivyo."

"Sasa najua."

Mama mmoja mzee, aliyekaa mwisho wa benchi, alishindwa kunyamaza. "Nyathina, mwanangu, si ungempelekea mama yako akukatie?"

Dada wale walitazamana. Mkubwa ndiye aliyejibu, polepole, kama mtu ambaye ameyasema maneno hayo wiki nzima.

"Ni yeye tumekuja kumchukulia kibali cha kuzikwa, mama."

Yule mzee alichomoa pini iliyoshika leso yake kiunoni, akamsogelea yule mdogo, akakunja shingo ya fulana kwa nyuma na kuibana. Kisha akarudi kuketi, leso ameishika kwa mkono.

Kamati zetu za mazishi hupanga hema, sufuria, ng'ombe, hata fulana za sare. Nimekaa kwenye vikao hivyo mpaka nimechoka. Sijawahi kusikia mtu akitaja pini.