Tetea Mweupe Niliyempeleka Ustawi wa Jamii

Ulikuwa ule mwaka tuliokula matobolwa asubuhi na jioni, viazi vya kuchemsha na kuanika, maana mahindi yaliungulia shambani. Mwaka huohuo jicho langu la kulia lilizibika, la kushoto likaanza kulifuata. Daktari wa mjini alisema ni mtoto wa jicho, anatolewa, ila asiye na uwezo wa kulipa alete barua ya ustawi wa jamii. Ndiyo nikaondoka.

Alfajiri nilivaa kitenge changu cha kanisani, nikafunga matobolwa kwenye kanga, nikamkamata tetea wangu mweupe.

Kutoka Urambo, basi lilishika njia aliyopita babu yangu na wapagazi wenzake wakibeba pembe za ndovu. Utotoni nilimkuna mgongo. Begani alikuwa na sugu ngumu kama kwato. Alisema kila kijiji walichoingia walitoa kwanza kitu, hata chumvi kidogo, ndipo wakaomba maji. Nilitamani kuiona miti ya miyombo aliyonisimulia. Niliona kijani tu, kama moshi.

Saa nne nilifika Tabora, nikakaa foleni ya ustawi wa jamii mpaka saa nane.

"Shikamoo, bibi," alisema mama wa ofisini.

"Marahaba, mwanangu. Pokea mzigo wako."

Tetea akapiga kelele. Foleni nzima ikacheka.

"Bibi, hapa hatupokei kitu. Tena nitaandikaje huna uwezo, na umependeza hivyo, na kuku mnene kwapani?"

"Huyu ndiye wa mwisho."

Akaniinamia, akanong'ona. "Rudi kesho na nguo kuukuu, mikono mitupu. Nitaandika."

Alisema kwa huruma, nakiri. Lakini nilisimama.

"Siendi kwa watu mikono mitupu."

Jioni nilifikia Isevya, mtaa wa hapohapo mjini, kwa wifi yangu Maria. Nilipomsimulia akashika kiuno. "We wifi! Ulienda kuomba au kupeleka mahari?" Tulicheka mpaka macho yangu mabovu yakatoa machozi. Tetea nikamwachia yeye. Si nilikuwa mgeni wake?

Kesho yake nilirudi nyumbani. Nimejifunza kwamba mjini umaskini una sare yake, na mimi sikuivaa.

Naandika kwa herufi kubwa, jicho la kushoto nalo linaaga. Jana mjukuu wangu Neema alinipigia magoti.

"Bibi, sasa huna hata kuku. Hutadanganya mtu. Twende, wakuandikie, uone."

Nilimpapasa uso nimjue vizuri.

"Siendi kwa watu mikono mitupu."