Samaki wa Yevsei

Kulikuwa na mashine ya kutoboa mtutu wa bunduki na mashine ya kuuchonga, lakini mashine ya kuunyoosha haikuwepo. Kazi hiyo ilikuwa ya jicho, na jicho bora katika mji ule wa mafundi bunduki, upande wa milima ya Urali, lilikuwa la Yevsei Korepanov. Aliuinua mtutu mtupu kuelekea dirishani, akafumba jicho la kushoto, akausoma mstari wa kivuli uliopita ndani yake. Kivuli kikinyooka, mtutu umenyooka. Kikivunjika, aliulaza juu ya fuawe, akaugonga kwa nyundo mara moja au mbili, kisha akatazama tena. Akiridhika alipiga muhuri wake, samaki mdogo aliyemrithi kwa baba yake.

Babu yake alitunukiwa kaftani ya kijani yenye nyuzi za dhahabu, zawadi ya mafundi waliowashinda wenzao enzi za mfalme. Siku hizi, mfalme akiwa amekwisha kupinduliwa, haikuwa nguo ya kumwonyesha mtu, ikakaa sandukuni, ila hapakuwa na asiyejua kwamba ipo. Na tuseme ukweli, majivuno ya Yevsei hayakuenea katika sanduku hilo.

Januari ya mwaka 1942, akiwa na miaka hamsini na minane, jicho lake la kulia likaanza kuona ukungu. Alilaumu kioo cha dirisha, akakifuta. Alilaumu moshi. Mwisho hakubaki na wa kumlaumu: ulikuwa mtoto wa jicho, kama uliompofusha mama yake. Mficha maradhi kifo humuumbua, naye alilijua hilo, lakini akaficha. Alikuwa anapata gramu mia nane za mkate kwa siku, na wakati wa vita mtutu mbovu uliitwa hujuma. Hizo ni sababu nzuri. Sababu yenyewe ilikuwa ile kaftani.

Kwa desturi, bunduki iliyokosa shabaha kwenye majaribio ilirudishwa, na mtutu wake ukalazwa juu ya benchi la mwenye muhuri siku nzima, kila apitaye auone. Kwa miaka thelathini Yevsei alikuwa amelaziwa minne tu. Lakini Januari ile vita ilikuwa imekaba koo, bunduki zikapakiwa kwenye treni kabla mafuta hayajakauka, na katika kila kumi ikajaribiwa moja. Februari majaribio yakarudi kama zamani. Yevsei akausubiri mtutu wa aibu. Haukuja. Machi nayo ikapita. Akajidanganya kwamba mkono wake umejifunza kuona.

Benchi la pili alikaa Ustinya, mjane wa kijijini aliyefundishwa kazi na Yevsei mwenyewe. Siku moja ya Aprili Yevsei alikwenda kula supu ya kabichi, akakumbuka kijiko, akarudi. Akamkuta Ustinya ameinua mtutu dirishani, na rundo alilolitoa lilikuwa la Yevsei.

“Dada, huo wangu,” alisema.

“Najua, Lukich. Una samaki.” Alimwita kwa jina la baba yake, kama wote waliomheshimu.

“Nani kakuruhusu kuugusa?”

“Kivuli. Kimevunjika mara mbili, hata mimi mshamba nakiona.”

Yevsei alipandwa na hasira, kisha ikamshuka yote kwa mkupuo. Aliuliza amenyoosha mingapi. Leo sita, Ustinya akajibu, na jana kumi na mmoja. Ameanza lini? Februari. Akauliza kuhusu Januari.

“Januari nilikuwa sijajua,” alisema Ustinya.

Wiki hiyo hiyo ikaja barua ya Gordei, mwanawe wa pekee, kutoka vitani. Yevsei alisingizia mikono yenye mafuta, akampa Ustinya asome. Gordei aliandika kwamba amepewa bunduki mpya, na alipoigeuza akaona juu ya chuma samaki wa nyumbani, na kando yake umechorwa mwaka huu. Wenzake wanamwonea wivu. Analala ameikumbatia.

Yevsei alikaa chini. Barua za askari zilifunguliwa na kusomwa njiani, kwa hiyo hakuweza kusema wazi. Alimwambia Ustinya aandike hivi: “Mwanangu, itazame dirishani kama nilivyokufundisha utotoni. Kivuli kikivunjika, usiipende kwa ajili ya jina langu.”

Kisha akauchukua muhuri wake, akaenda kwa msimamizi, Terenti Shirobokov, waliyekua naye mtaa mmoja. Akauweka mezani.

“Sioni, Terenti.”

“Tangu lini?”

“Tangu Januari.”

Terenti aliinuka, akafunga mlango. “Tangu jana,” alisema. “Umenisikia? Tangu jana.”

“Kuna watu wanazo mikononi, bunduki za Januari.”

“Wanazo, na hazitarudi hata nikiandika nini. Nikiandika Januari, unapigwa risasi wewe, nafuata mimi, na yule mama wa benchi la pili, watasema alikuficha. Hata askari mmoja hatapata bunduki nyingine.”

Alisema kweli, na hilo ndilo lililouma. Ikaandikwa jana. Muhuri ukavunjwa juu ya fuawe mbele ya karakana nzima, kama inavyofanywa mnyooshaji anapokufa, na Yevsei akapelekwa kupaka mitutu mafuta, kwa mkate mdogo zaidi.

Juni jibu likaja, na Ustinya akaacha benchi lake kwenda kumsomea. Gordei alikuwa ametazama, kupitia dirisha la nyumba iliyosalia ukuta mmoja. Kivuli kimevunjika kidogo, karibu na mdomo. Risasi inakwenda kushoto. “Sasa nalenga kidole kimoja kulia, na napata. Siitoi, baba. Usihuzunike.”

Ustinya alifuta machozi kwa kiwiko. “Umeona? Mzima. Na shabaha anapiga.”

Yevsei alimshukuru Mungu, tena kwa sauti, bila kujali nani anasikia. Akachukua mtutu mwingine, akaupaka mafuta polepole, akapitisha kidole gumba kwenye mdomo wa mtutu, ingawa alijua kidole hakiwezi kuhisi kupinda kule.

“Huyu ameambiwa atazame,” alisema. “Wale wengine, Ustinya, nani kawaambia?”