Namba Chini ya Rangi

Mama alifua koti la baba bila kutoa mfukoni karatasi ya kamyo, lori letu, na muhuri ukafutika. Bila karatasi hiyo, kamyo iliyotulisha kwa safari za Sandoa ingeweza kuchukuliwa. Mimi, msomi wa nyumba, nilimsindikiza baba kwa kamyo hiyo hadi ofisini Kolwezi, nikiwaza wazungu wa serikali watasema tumeiiba.

Karani alizunguka kamyo, akamgeukia baba. “Tata, namba iliyochongwa kwenye chuma iko wapi? Ao umeimeza?”

Kila mwaka, kabla ya mvua, baba alipaka chuma chote rangi nyeusi kuzuia kutu. Sasa tungeonekana tumeificha.

“Iko chini ya rangi, tata,” baba alimjibu karani kwa heshima, akakwangua kwa ufunguo.

Tarakimu zilitokea moja moja, zikalingana na nakala ya ofisi. Karatasi mpya niliibeba mimi, nikiogopa hata jasho la kiganja changu lisiguse muhuri.