Jicho la Mtani Wangu

Siku yangu ya kwanza kazini niliripoti kwa Bwana Mganga wa zahanati ya shamba la mkonge, upande wa Itigi, miaka michache baada ya Uhuru. Nilikuwa dresa, yaani mfunga vidonda, kijana wa Kinampanda mwenye elimu ndogo. Mengine huenda nimeyasahau, hili sijalisahau.

"Hapa kila mtu anaumwa," Bwana Mganga aliniambia. "Wewe chagua wanaoumwa kweli."

Nilipoiona kambi nilishtuka. Familia mbili chumba kimoja, maji ya kunywa ya bwawa la ng'ombe. Umaskini niliujua, lakini kwetu tulikuwa na maziwa. Mkata mkonge alipewa kipande, ndiyo kazi ya siku. Asipokimaliza, alikosa posho ya unga, isipokuwa awe na cheti changu cha ugonjwa.

Asubuhi hiyo alikuja Njiku, Mnyaturu, amefunika jicho kwa kiganja. Ncha ya jani la mkonge ni sindano. Nasi Wanyiramba na Wanyaturu ni watani, basi nikamwanza.

"Mnyaturu, mwiba mmoja tu umekuleta hospitali?"

"Nimesikia Mnyiramba kawa daktari. Uongo huo nimekuja kuuona mwenyewe."

"Utauonaje kwa jicho moja?"

"Kwa Mnyiramba, moja linatosha."

Foleni ilicheka, nami nikacheka. Nikampa pamba, nikamwambia aende kazini. Kiganja sikumwondolea. Cheti hakuomba, mbele ya mtani mtu halii, nami nililijua hilo tangu utoto.

Siku ya tatu mkewe alimleta amemshika mkono. Bwana Mganga alilifunua jicho, akaniita nitazame. Ncha ilikuwa bado imo, na usaha umejaa.

"Ulimpima?"

"Tulitaniana, Bwana."

Hakunifokea. Kwa haki niseme, aliniagiza nichague, hakuniagiza nisitazame.

"Alirudi akasema umemwona mzima," mkewe alisema.

"Mwache," Njiku akamwambia. "Kwao wamezoea kupima mbuzi."

Hakuna aliyecheka. Jicho lilitolewa Singida mjini.

Baadaye nilihamishiwa zahanati za vijiji vya Ujamaa, mpaka nikastaafu. Wengine husema nilikuwa dresa mwangalifu. Sijui. Kabla ya uhamisho, Njiku alikuwa amerudi kukata mkonge, maana kazi nyingine hakuwa nayo. Kila tulipokutana alinitania, nami nilishindwa kumjibu. Kwetu, kumnyamazia mtani ni kumtukana. Hata hilo alinivumilia.