Herufi Zilipokimbilia kwa Dobi

Mama Povu alikuwa dobi, na jina hilo alilipata kwa sababu hukupeana naye mkono ukaondoka bila povu kiganjani. Alifulia uani, nyuma ya nyumba ya vyumba viwili aliyoishi na mumewe na mama mkwe wake. Kamba za kuanikia zilitoka ukuta huu hadi ule, na meza ya pasi ilikaa chini ya kibanda cha bati.

Mumewe alifanya kazi kwenye chemchemi ya wino, juu ya mji. Maandishi ya mji ule yalikuwa hai. Herufi zilipumua, asubuhi zilijinyoosha, na kila jioni watu walizinyunyizia wino kidogo, vitabuni, kwenye vibao vya maduka, hata kwenye chupa za dawa, la sivyo zilianza kukohoa. Mama mkwe hakuwa na habari nazo. Hakujua kusoma. Utotoni alikuwa na sauti ya kupasua bati, na kila alipoinamia ukurasa herufi zilitimua mbio. Basi naye akazisusa, akaenda zake kucheza.

Kisha, msimu wa jua kali, likapita tetemeko dogo, la kugonganisha vikombe tu kabatini, na chemchemi ikakauka. Wanaume walipanda na sururu kutafuta wino ulikojificha. Haikupita wiki, herufi zikaanza kuhama. Ziliteremka vibaoni, zikapenya chini ya milango ya shule, zikavuka barabara kama siafu. Mwuza dawa alibaki na chupa zisizo na majina, akaketi nje ameshika tama. Mahakama ilifungwa kwa kukosa sheria. Herufi zilitafuta unyevu, na katika jua lile nguo mbichi zilikuwa kwa Mama Povu.

Alfajiri alikuta shuka zote zimekuwa nyeusi.

"Mama, njoo uone."

Mkwewe akatoka akifunga kilemba. "Nani kamwaga masizi kwenye shuka za watu?"

"Si masizi. Ni maneno."

"Yafue, basi. Si ndiyo kazi yako?"

Mama Povu akazamisha foronya moja kwenye maji ya sabuni. Ikakohoa, kikohozi chembamba cha mtoto mwenye mafua. Akaitoa haraka, akaikumbatia ikimlowesha kifua.

"Siwezi, Mama. Zitakufa."

Wateja wakaanza kuja, na wa kwanza alikuwa seremala kijana, aliyefuata shati lake jeupe. Kifuani, kwa herufi kubwa, palikaa neno LABDA.

"Mama Povu, mimi naoa leo."

"Najua, baba."

"Sasa hili shati linasema nini?"

"Si unajua kusoma?"

"Mchumba wangu naye anajua. Na mama yake anajua zaidi."

Mama Povu akalipuliza neno, akalisugua kwa brashi laini, akalibembeleza. Likasogea mpaka kwenye kola na kugoma hapo. Seremala alikuwa amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, jasho linamtoka.

Yule bibi, mama mkwe, akachoka kuwatazama. Alikuwa na bakuli la bluu ya kusuuzia nguo nyeupe. "Mnalibembeleza kama mnaomba kura," akasema, akalisogelea shati. "Wewe, teremka hapo."

Kwa ile sauti yake, uani kote herufi zilishtuka. Bakuli likayumba, bluu ikarukia mkono wa shati. LABDA likainama, likaonja. Likaonja tena. Kisha likateremka mkononi, L mbele na wenzake nyuma, likatumbukia bakulini na kuanza kunywa.

Wanawake wale wawili wakatazamana. Kwenye shuka, maneno yote yalikuwa yamegeuka kumwelekea bibi.

"Leta bluu yote iliyo ndani," akasema Mama Povu.

Seremala alifika harusini kachelewa, ana doa la bluu mkononi, akaoa vilevile. Uani, mabeseni yalijaa herufi zinazoogelea. Bibi aliketi katikati yao kwenye kigoda, na safari hii hazikumkimbia. Kiu ilizifunza adabu. Zilimpandia mapajani.

"Hii nayo inaitwaje?" aliuliza kila mara, na Mama Povu alimjibu huku akikamua nguo.

Siku mume aliporudi, mweusi wa wino mpaka kiunoni, akacheka kabla hajasema neno, walijua chemchemi imezibuka. Herufi zikarudi makwao, ila rangi yao ikabaki bluu, na si zote zilizopata njia. Kitabu cha historia kilipungukiwa na kurasa na hakuna aliyelalamika sana. Kifungu cha sheria kuhusu wizi wa mbuzi kilihamia kwenye pakiti za sabuni, na huko kipo.

Bibi sasa husoma kila kinachokaa mbele yake. Juzi alikiokota kitambulisho cha kazi cha mwanawe, akakisogeza karibu na macho.

"Mwanangu, humu wameandika jina ambalo sikukupa."

"Ndilo langu, Mama. Nimelitumia tangu shule."

"Silo. Hii R imetoka wapi? Mimi ndiye niliyekuzaa."

Mume akabaki na kijiko mdomoni. Mama Povu, aliyekuwa akipiga pasi suruali ya mtu, alicheka mpaka akaiunguza.