Sinema ya Mtu Aliyeonja Kwanza

Wengi wanaosimulia visa vya namna hii wameambiwa na shangazi, na shangazi naye aliambiwa na jirani. Mimi sikuambiwa na mtu. Nilikuwepo, nilikuwa macho, na pombe sijawahi kuigusa tangu nizaliwe, kwa hiyo usihangaike kutafuta sababu huko. Nilikuwa mwalimu wa sayansi. Nimewafundisha watoto wa watu kwamba kila jambo lina chanzo chake, na bado ninaamini hivyo. Hili moja tu ndilo sijalipatia chanzo.

Ilikuwa miaka ya sabini, watu wakiwa ndio kwanza wamehamishiwa kwenye vijiji vya ujamaa. Kijiji chetu kilikuwa kando ya barabara ya Kasulu kwenda Kibondo, shule ya mabati upande huu, mihogo michanga upande ule. Starehe yetu kubwa ilikuwa gari la sinema la serikali, ambalo lilipita wakati wa kiangazi barabara ikipitika. Dereva wake ndiye aliyekuwa mwendesha mashine pia. Aliitwa Stanislaus, mtu wa Kibondo, mrefu, mcheshi, mwenye kovu dogo kidevuni. Watoto walimkimbilia hata kabla hajazima gari. Alipenda utani, alipenda urwagwa, pombe yetu ya ndizi, na sikuwahi kusikia mtu akimsema vibaya.

Safari moja mkalimani wake alikuwa mgonjwa, na filamu zilikuwa za Kiingereza. Basi nikapewa kipaza sauti mimi. Tulitanguliza filamu ya kuchimba vyoo, ambayo watu waliivumilia kwa adabu, kisha ikaja yenyewe waliyoifuata.

Ilihusu daktari mmoja aliyechoka na sura yake. Alikuwa na chumba kilichojaa chupa na mirija ya vioo. Alimimina maji ya buluu kwenye maji ya njano, yakawa kijani. Akaongeza tone moja, yakawa mekundu na kutoa moshi. Kuna mahali walionyesha chembe za chumvi zikikua, zikachipuka na kutambaa mpaka zikajaza kitambaa chote cha sinema, watu wakasahau kukohoa. Mimi mwenyewe nilisahau kutafsiri. Nilikuwa nikifundisha mambo hayo kwa ubao na chaki, na sikuwa nimewahi kuyaona yakiwa mazuri kiasi kile. Mwishowe daktari akanywa ile dawa, na uso wake ukabadilika polepole mbele yetu, jicho baada ya jicho, mpaka akawa mtu mwingine kabisa.

Ualimu ukanipanda. Nikawaeleza kwenye kipaza sauti kwamba mabadiliko ni ya aina mbili. Chumvi ukiitia kwenye maji inapotea, lakini maji yakikauka unaiona tena. Kuni zikiungua zinakuwa majivu, na majivu hayarudi kuwa kuni. Dawa ya yule daktari, nikasema, ilikuwa ya aina ya pili.

Sinema ilipoisha ubishi ukaanza. Watu hawakukubali kwamba dawa ile ilikuwa mbaya. Hoja yao ilikuwa moja: daktari alikunywa mwenyewe. Nikukumbushe desturi yetu sisi Waha. Anayekukaribisha pombe huonja yeye kwanza, nawe unatazama koo lake likimeza, ndipo unapokea mrija. Kuonja huko ndiyo kiapo kwamba hamna sumu. Wazee wetu walikunywa hivyo, na baba zao pia. Sasa mtu aonje mwenyewe halafu kiwe kibaya? Waliniona nimetafsiri vibaya, wakaenda zao kulala wakinihurumia.

Usiku ulikuwa bado mchanga. Nilimpelekea Stanislaus ugali na maharage nyuma ya shule, alikokuwa amewasha moto, maana kiangazi kule juu baridi inauma. Nikamkuta anakunja kitambaa cha sinema akisaidiwa na mzee mmoja nisiyemjua. Kijiji kizima nilikijua, kwa hiyo nilimtazama vizuri. Alikuwa amekondeana, nywele nyeupe, mikono imejaa makunyanzi. Alinisalimu kwa kupiga makofi taratibu na kwa muda mrefu, kama walivyosalimu watu wa zamani. Alisema alitazama sinema akiwa upande wa nyuma ya kitambaa, ambako kila kitu kinaonekana kimegeuka.

Tulikaa motoni. Mzee akaniuliza swali ambalo hakuna mwanafunzi aliyewahi kuniuliza kwa hamu vile.

"Mwalimu, yale uliyosema hayarudi, ni kweli hayarudi?"

Nikamjibu kwamba ndivyo tunavyofundisha. Akatikisa kichwa na kutazama moto. Akasema basi yeye ni majivu, na kwamba njia iliyobaki kwa majivu ni kutafuta kuni nyingine. Nilidhani ni maneno ya uzee. Wewe ungedhani nini?

Ndipo akatoa kibuyu kutoka kwenye mkoba wake, kikiwa na mrija wa tete. Akaonja. Niliona koo likimeza. Akampa Stanislaus.

Hapo, niamini, mwili wangu ulisisimka bila sababu. Nilimwambia Stanislaus aache, hatumjui huyu mtu. Akacheka.

"Ameonja mwenyewe, Mwalimu. Nani anajipa sumu?"

Nikamkumbusha tulichokiona muda si mrefu. Akasema ile ni sinema, na kwamba walimu wa sayansi wana woga kuliko masista. Akanywa.

Walipokezana mrija kama wanywaji wote. Mzee akivuta, Stanislaus akivuta. Mwanzoni nililaumu moshi wa kuni. Nywele za mzee zilionekana kuwa na weusi kidogo, na Stanislaus akaonekana amechoka. Wakanywa tena. Makunyanzi yalitoka kwenye mikono hii na kuonekana kwenye ile, bila haraka, kama unavyomimina maji ya chupa moja kwenye nyingine. Ikafika zamu ambayo wote wawili walilingana, nikawa siwezi kusema nani ni nani. Nilitaka kupiga kelele na sauti haikutoka. Wakanywa tena, wakapita pale pa kulingana. Mara ya mwisho mrija ulipohama, kovu la kidevuni likahama nao.

Yule aliyekuwa mzee akasimama, mrefu, sura ya Stanislaus, sauti ya Stanislaus. Akachukua ufunguo kwenye koti lililotundikwa mlangoni mwa gari. Akanishukuru kwa chakula ambacho hakukila, akasema anakwenda Kibondo kwa mkewe. Gari likaondoka vizuri kabisa. Nilibaki na mzee aliyelala kando ya moto, nikaongeza kuni.

Alipozinduka aliuliza gari liko wapi. Kisha akatazama mikono yake. Sitakueleza kilio chake, maana hata leo sipendi kukikumbuka. Mwalimu mkuu aliposikia habari aliniambia nimezidisha sinema. Polisi kituoni walimtazama yule mzee, wakanishauri nimpeleke kwa ndugu zake. Na nani angewalaumu? Gari la serikali halikuibiwa. Lilikuwa Kibondo, na dereva wake alikuwa nalo.

Stanislaus hakujali gari. Alikuwa na neno moja tu: mke wangu atanijua. Tulipanda lori la tumbaku hadi Kibondo, naye njia nzima alilirudia hilo. Aliwapoteza wote, alisema, lakini Generoza atamjua, na Generoza akimjua ulimwengu mzima utafuata.

Yule mwingine ndiye aliyetufungulia. Alitukaribisha kwa heshima, akatuletea maji ya kunawa, hakuonyesha hofu wala kiburi. Generoza akatoka jikoni, mwanamke mwembamba, mpole. Stanislaus akamweleza mambo ambayo mume peke yake angeyajua: jina la mtoto waliyemzika, wimbo aliokuwa akiimba akitwanga, ahadi aliyompa siku ya kumposa. Akanyoosha mkono kumwelekea. Mama yule akajikinga uso kwa mkono, nikadhani anafuta machozi. Kisha alimtazama kwa muda mrefu mno, nikasema moyoni, haya, amemjua.

"Mzee, umekosea nyumba," akasema.

Akatufungia mihogo ya kuchemsha ya kula njiani, akafunga mlango. Stanislaus aliibeba mihogo ile mapajani hadi tulipofika kwetu.

Ningemwacha wapi? Nilimjengea kibanda uani kwangu, akaishi hapo miaka yake iliyobaki, ambayo haikuwa mingi, maana mwili aliopewa ulikuwa umeshatumika. Watu walimwita Mzee wa Mwalimu. Alipanda maharage, alichanja kuni, alibeba watoto wa jirani. Hakuwahi kumnyanyulia mkono hata kuku aliyeingia jikoni. Gari la sinema lilipokuja aliingia kibandani na kufunga mlango, na yule mwingine alionyesha filamu zake, akawachekesha watoto, akaenda. Watu walisema dereva yule siku hizi ameacha pombe. Waliliona hilo kuwa jambo jema.

Stanislaus alipofariki tulimzika nyuma ya nyumba. Kabla matanga hayajaisha Generoza akaja, peke yake, amejifunga kanga mbili. Alikaa mkekani na akina mama mpaka walipotawanyika, kisha akaniomba nimwonyeshe kaburi. Tulisimama hapo. Nilikuwa na hasira naye niliyoiweka muda mrefu, nikaona nimweleze wazi: mtu wako alikufa akiamini hukumjua.

"Nilimjua siku ile ile, Mwalimu," akasema. "Si kwa maneno yake. Aliponyoosha mkono, nilijikinga uso. Mwili wangu ulimjua kabla yangu."

Nikamuuliza, sasa kwa nini?

"Yule mwingine hajawahi kunipiga."

Alisema hivyo bila kulia. Akanieleza kwamba usiku ule gari lilipoingia na mtu akabisha, alijua kabla ya kufungua kwamba huyo si mumewe, kwa sababu alibisha mlango taratibu. Akamfungulia. Hajajuta hata siku moja, alisema, isipokuwa leo kidogo. Nikamwambia kwamba yule niliyeishi naye mimi alikuwa mtu mpole, hakumgusa hata mnyama. Akanitazama kwa huruma kweli, kama unavyomtazama mtoto.

"Huenda alibadilika," akasema. "Mimi ningejaribuje kujua?"

Akaokota udongo kidogo, akautupia kaburini, akaenda kuwahi lori. Yule mume wake wa sasa, ukitaka kumwita hivyo, nilisikia walizeeka pamoja vizuri. Sijui alikuwa nani hapo mwanzo, wala nani alimnywesha yeye.

Sasa wewe unayenisikiliza utasema fundisho ni kutopokea kibuyu cha mgeni, hata kama ameonja kwanza. Hilo nalo lishike. Mimi tangu wakati ule nikiwekewa hata chai na mtu nisiyemfahamu, naiacha ipoe na kuaga. Lakini silo linaloniamsha usiku. Tuseme wewe umejihadhari na vibuyu vyote vya dunia, na bado mmoja wa watu kama yule mzee akakupata. Atakwenda kwako amevaa sura yako na kubisha mlango. Walio ndani watajua mara moja kwamba si wewe. Ishi nao namna ambayo, wakishajua, watakataa kumfungulia.