Karatasi Katika Tundu la Kaseti

Siku yangu ya kwanza kazini, katika karakana ya video ya Musinzira, Gitega, Fundi Mkuu alinikabidhi kitambaa na spiriti, akanionyesha kichwa cha deki: kigurudumu king'aavu kinachosoma picha kwenye utepe wa kaseti.

“We Mutanzania,” alisema, maana nilikulia ng'ambo ya mpaka, “Kiswahili yako iko muzuri, ila mikono iko mizito. Hii iko kama jicho. Ukibonyeza, umepofusha.”

“Ndiyo, Mzee.”

“Wacha ndiyo. Pangusa, mi naona.”

Alinifundisha pia kuvunja kipande kidogo cha plastiki ukingoni mwa kila kaseti ya sherehe. Kikivunjika, deki hukataa kurekodi juu ya picha zilizopo. Lakini mafundi wote tulijua kwamba tundu hilo likizibwa kwa karatasi iliyokunjwa, deki hudanganyika.

Baadaye nilihamishiwa tawi la Muyinga, chini ya Msimamizi aliyepokea kazi nyingi kuliko kaseti alizokuwa nazo. Jumamosi moja kaseti zilituishia harusi ikiwa imeanza. Rafuni ilikuwapo kaseti ya gusaba, sherehe ya posa, ya familia moja ya kijijini Buhinyuza iliyochelewa kuichukua.

“Tia karatasi,” aliniamuru Msimamizi. “Kule kwao hakuna umeme. Wataitazama na nini, na kuni?”

Nilitia, tukarekodi harusi juu ya posa. Harusi ile tuliinakili baadaye kwenye kaseti mpya. Ile ya posa nikairudisha kwenye kasha lake. Mama wa familia alipokuja kuichukua, nilimkabidhi nikitazama chini.

Mwaka huu, nikiwa nimerudi Gitega baada ya tawi la Muyinga kufungwa, kuhamishia kaseti za zamani kwenye kompyuta, mama yuleyule aliingia, kaseti ameifunga ndani ya kitenge.

“Mwanangu, hatujawahi kuitazama. Mume wangu amefariki. Wajukuu wanataka kumsikia akizungumza.”

Karatasi yangu ilikuwa bado tunduni, imegeuka manjano. Ningeweza kusingizia kuvu, ambayo kweli ilikuwa imeuvamia utepe. Nani angenibishia? Nilimwambia ukweli. Alivuta kiti mbele ya televisheni.

“Washa.”

Nilisafisha utepe, nikaanza kunakili. Tulitazama harusi ya watu wasiotuhusu, mwanzo hadi mwisho, nami nikisikiliza kila mkwaruzo kwa hofu kwamba utepe utakatika. Picha ilichafuka. Kisha, katika kipande cha posa kilichonusurika, akatokea mzee mwembamba aliyesimama mbele ya wakwe.

“Binti yetu anapenda kucheka. Mkimnyamazisha, nitakuja kumchukua kwa baiskeli!”

Wakwe wakacheka. Skrini ikawa nyeusi.

“Hiyo baiskeli haikuwa hata na breki,” alisema mama, akijifuta macho kwa kitenge. Hakunitazama. “Irudishe nyuma.”

Mwezi ujao naiacha kazi hii. Kichwa cha deki yangu ya mwisho kinakaribia kwisha. Rafuni zimebaki kaseti nilizorithi kutoka Muyinga. Jana nilizikagua. Tisa zina karatasi tunduni, na sikumbuki ni zipi nilizoziziba mimi. Nazitazama moja moja hadi utepe uishe, hata pale skrini inapokuwa nyeusi.